Wakati Upindikapo

Watungaji wa hadithi za ajabu, wale wanaojibunia ulimwengu mzima kutokana na fikira zao wenyewe, hupenda sana kuweka ndani ya ulimwengu huo bonde au msitu ambamo wakati hauendi kama uendavyo kwingine: mtu huingia humo akalala usiku mmoja, akatoka akakuta wanawe wamezeeka na jina lake limesahauliwa. Msomaji hustaajabu, kisha hufunga kitabu na kurudi katika dunia yake, akiamini kwamba huku kwetu saa ni saa na siku ni siku kwa kila mja. Mimi siioni imani hiyo kuwa na msingi. Na kwa kuwa aghalabu hoja nzito huanza kueleweka mahali padogo, nitaanza Kibimba, katika nchi ya Ngara na Biharamulo, ambako mtu hahitaji msitu wa hadithi ili auone wakati umepinda. Yamtosha kushika njia ya mpakani.

Huko mpakani, mahali Mto Ruvubu unapoungana na Kagera na maji yake kuanguka kwa kishindo katika maporomoko ya Rusumo, pana daraja liunganishalo Tanzania na Rwanda. Saa za Tanzania zimezitangulia za Rwanda kwa saa moja kamili. Kwa hiyo mchuuzi akiondoka ng'ambo ya Rwanda saa nane mchana huingia ng'ambo yetu saa tisa, ilhali hatua alizopiga juu ya daraja hazikumpa nafasi hata ya kumaliza mazungumzo aliyoyaanza. Na akikumbuka kitu alichosahau akageuka nyuma, huikuta saa nane ile ile aliyoiacha ikimngoja. Mambo ni hayo hayo kwa apitaye Kabanga kwenda Kobero ya Burundi. Hapana ashangaaye, maana jambo litendekalo kila siku hukosa watu wa kulishangaa.

Lakini yafaa kuuliza ni nani kati ya majirani hawa aliye karibu zaidi na jua, na jibu lake si lile ambalo fahari ya taifa ingelipenda. Rwanda na Burundi hufuata saa ya longitudo ya nyuzi 30 mashariki, mstari ambao unapita ndani ya nchi zao; Tanzania hufuata ile ya nyuzi 45, mstari ambao haugusi ardhi ya Tanzania popote, bali hupita karibu na Mogadishu na Aden. Rusumo yenyewe iko mbele kidogo tu ya nyuzi 30. Natija yake ni kwamba adhuhuri ya kweli humfikia mtu wa Ngara saa saba ikikaribia, wala jua halimchomozei mtu wa Kibimba ila saa moja inakaribia kugonga au imegonga punde. Wazee wa pwani waliotuachia desturi ya kuhesabu saa tangu mapambazuko walikusudia kwamba itimiapo saa moja, jua liwe limekwisha kuwaka muda wa saa nzima. Kibimba saa moja hulikuta jua ndiyo kwanza linachungulia. Basi mkulima wa huko, pasipo kuambiwa na mtu, huamka na kulala kwa saa ambayo makao yake ni katikati ya bahari. Kengele za makanisa ya Rulenge na Murgwanza hufuata saa hiyo ya serikali. Adhana, kwa kuwa hufuata kivuli na wekundu wa mbingu, haijui mpaka. Mwislamu aliyefunga Ramadhani akilivuka daraja jioni hafuturu mapema wala haongezewi njaa, kwa sababu mishale ya saa yake ndiyo iliyovuka, na jua halikupita forodhani.

Atasema msomaji kwamba hayo ni mapatano ya watu tu: serikali imeandika, serikali yaweza kufuta, na wakati wenyewe haukuguswa. Nakubali. Walakini wapo walioonyesha kwamba hata wakati wenyewe, mbali na mapatano yoyote, hauna mwendo mmoja. Albert Einstein alilieleza jambo hilo mwaka 1905, kisha kwa upana zaidi mwaka 1915, na mwezi wa Oktoba 1971 wataalamu wawili wa Marekani, Joseph Hafele na Richard Keating, walipakia saa za atomi ndani ya ndege za abiria wakazizungusha dunia, mara moja kwa upande wa mashariki na mara moja kwa upande wa magharibi. Walipozirudisha mjini Washington na kuzilinganisha na zile zilizobaki, saa zilizokwenda mashariki zilikuwa zimechelewa kwa takriban sehemu 59 za bilioni ya sekunde, na zilizokwenda magharibi zimetangulia kwa takriban sehemu 273. Kwa kanuni hiyo hiyo, mtu akaaye juu ya vilima vya Ngara, tukikadiria urefu wa mita 1,500 tu juu ya bahari, huzeeka upesi kuliko ndugu yake wa Dar es Salaam, na katika umri wa miaka 70 tofauti yao itakuwa kama theluthi moja ya sehemu ya elfu ya sekunde. Ni kidogo kuliko kufumba na kufumbua. Lakini kitu kikiwapo, udogo wake hauwi hoja ya kukikana.

Jambo ninalotaka lishikwe katika hayo ni hili: saa iliyokuwa ndegeni haikuona dalili yoyote ya kuchelewa. Ilihesabu sekunde zake sawasawa, moja baada ya nyingine, na lau isingalirudishwa kuwekwa kando ya mwenziwe, pasingalipatikana katika dunia nzima mtu wa kusema imechelewa. Upindo wa wakati hauonekani na mtu akiwa peke yake. Hudhihiri pale wanapokutana wawili walioachana wakapita njia mbili, na huyo aliyepindiwa wakati ndiye wa mwisho kujua.

Dini zililinena jambo hili zamani kabla ya saa za atomi kubuniwa. Kurani, katika Sura ya Pango, inasimulia habari za vijana waliowakimbia watu wao walioabudu miungu mingine, wakaingia pangoni pamoja na mbwa wao, wakalazwa miaka mingi. Wakristo nao huwajua vijana hao kwa jina la Walalao Saba wa Efeso, na husema kwamba walilala tangu siku za Kaisari Decius aliyewatesa waumini hata siku za Theodosius wa Pili, ambaye alikuwa muumini. Jua lenyewe, twaambiwa, lilikuwa likiepuka pango lao lichomozapo na lituapo, kana kwamba kipimo cha wakati kilikatazwa kuwafikia. Walipoamka waliulizana wamekaa kiasi gani, wakakisia siku moja au sehemu ya siku. Kisha wakamtuma mmoja wao mjini na sarafu ya fedha akanunue chakula kilicho safi, na hapo ndipo wafasiri na wasimulizi walipokaza macho, kwa maana muuzaji aliitazama sarafu akaona sura ya mfalme aliyekwisha kufa zamani, akadhani kijana huyu amefukua hazina. Si njaa iliyowajulisha, si ndoto, si nuru ya mlangoni. Ni sarafu ilipoingia mkononi mwa mtu asiyelala usingizi wao.

Nami naona uzuri mkubwa katika jinsi hesabu ya miaka yao ilivyotolewa. Imetajwa miaka 300, tena ikaongezwa 9, na papo hapo Mtume akaamriwa aseme kwamba Mwenyezi Mungu ndiye ajuaye zaidi muda waliokaa. Wafasiri wengi wamesema kwamba 300 ni miaka ya jua na 309 ni miaka ya mwezi, na mwenye kutaka kuhakikisha akipiga hesabu ataona inaafikiana. Basi hata usingizi huo mmoja una urefu wa namna mbili kwa kadiri ya ahesabuye, na mwisho wa kuhesabu kote ni kuurudisha ujuzi kwa Mwenyewe.

Kisa cha pili, kilicho katika Sura ya Ng'ombe, ni kifupi zaidi na kwangu ni kigumu zaidi. Mtu mmoja, ambaye wafasiri wengi humtaja kuwa ni Uzair, alipita katika mji uliokuwa magofu, akajiuliza Mungu atauhuishaje baada ya kufa kwake. Akafishwa miaka 100, kisha akafufuliwa. Akaulizwa amekaa kiasi gani, naye akajibu kama walivyojibu wale wa pangoni, siku moja au sehemu ya siku. Ndipo akaambiwa atazame chakula chake na kinywaji chake: havikuharibika. Akaambiwa amtazame punda wake: mifupa mitupu, nayo ikainuliwa na kuvikwa nyama mbele ya macho yake. Tafakari hali hiyo. Katika mahali pamoja, pasipozidi nafasi ya mtu kuunyosha mkono, palikuwa na nyakati tatu: wakati wa chakula ambao haukwenda hata kidogo, wakati wa punda uliokwenda karne nzima kwa ukamilifu wake, na wakati wa mtu mwenyewe ambao kwa Mungu ulikuwa miaka 100 na kwake ulikuwa mchana mmoja. Sijui mtungaji wa hadithi za ajabu, wa kale au wa leo, aliyethubutu kuupinda wakati kwa ustadi huo na kwa maneno machache kama hayo.

Lakini hapa hoja niliyoijenga hupata mpinzani. Ikiwa upindo wa wakati hudhihiri kwa mkutano wa wawili, ni nani aliyekutana na punda yule miaka yote 100 alipokuwa akioza? Hapakuwa na mtu. Mvua ilinyesha, nyama ikaanguka, mifupa ikapauka, na wakati ukafanya kazi yake pasipo kuhitaji shahidi. Jibu langu ni kwamba kuwako kwa jambo na kujulikana kwake ni milango miwili, na mimi nimesimama kwenye huu wa pili. Mifupa iliishika hesabu pasipo kuifahamu. Yule mtu alikuwa na ufahamu pasipo hesabu. Na elimu ilizaliwa vilipowekwa uso kwa uso. Tena yapasa kuangalia kwamba Mungu hakuanza kwa kumwambia bali kwa kumwuliza. Alimwacha kwanza akisie, akose kwa unyofu, ndipo akamletea mashahidi. Na kwa kuwa Kurani yasema mahali pengine kwamba siku ya kufufuliwa watu watadhani hawakukaa duniani ila siku moja au sehemu yake, huenda kila mmoja wetu yumo katika upindo huo tangu kuzaliwa, akijiona kwamba wakati wake wanyooka.

Ili kujua kama wakati waweza kupindwa hivyo, yapasa kurudi kwenye swali lililo chini yake: je, wakati ni wa azali, au ni kiumbe? Abu Hamid al-Ghazali, katika kitabu chake cha kuwapinga wanafalsafa alichokimaliza mwaka 1095, alishikilia kwamba wakati uliumbwa pamoja na ulimwengu, na kwamba kuuliza kilichokuwako kabla yake ni kudanganywa na wahamu zetu, ambazo haziwezi kuona mwanzo pasipo kuutungia kabla. Augustino wa Hippo, Mwafrika wa nchi ambayo leo ni Algeria, alikuwa amekwisha kusema karibu hivyo hivyo kiasi cha karne saba mbele yake. Na wakati ukiwa kiumbe, haukosi kuwa mtumwa kama viumbe wengine. Moto ulioamriwa usimchome Ibrahimu hauna heshima kubwa wala ndogo kuliko mwaka ulioamriwa usiguse chakula cha Uzair.

Si katika vitabu tu. Nchi za Maziwa Makuu zina kisa chao, kilichohifadhiwa katika masimulizi ya ufalme wa Kitara, na majina ya wazao waliomo ndani yake, Ndahura na Wamara, yameenea hata huku kwetu Kagera. Isaza alikuwa mfalme wa mwisho wa nasaba ya Watembuzi. Nyamiyonga, mfalme wa kuzimu, alimpelekea mafumbo, na mojawapo lilimtaka ataje kipimo cha wakati. Wazee wa baraza walishindwa. Kijakazi mmoja aitwaye Kogere ndiye aliyefumbua, akaonyesha jogoo. Nalipenda jibu hilo kuliko majibu mengi ya wenye hekima, kwa sababu jogoo hapimi kwa kujinyamazia kama kivuli au maji yadondokayo: huwaita wengine, nao wakiitikia ndipo usiku unapojulikana umefika wapi. Watu wa pwani nao, kabla ya saa za mezani, waliugawa usiku kwa jogoo la kwanza na jogoo la pili.

Nyamiyonga alimpelekea Isaza buni zilizotiwa damu ili wafanye undugu wa kuchanjiana, na Isaza, kwa hofu au kwa kiburi, akamwamuru Bukuku, mlinzi wa lango lake, azitafune badala yake. Hila ilijulikana. Nyamiyonga akamleta binti yake Nyamata akaolewa na Isaza, akarudi kwao akiwa mja mzito. Kisha wakaletwa ng'ombe wawili wazuri mno, na Isaza, aliyependa ng'ombe kuliko kitu chochote, akawafuata walipotoroka mpaka ardhi ilipofunguka ikammeza pamoja nao. Hakurudi. Bukuku, mlinzi wa lango, akakalia kiti kilicho wazi, na wengi wakakataa kumtii. Wasimulizi hawajishughulishi kabisa na miaka ya Isaza huko chini, kama ilikuwa mirefu au mifupi, kama alizeeka au alibaki kijana. Wanahesabu za juu tu. Isimbwa, mwana aliyezaliwa kuzimu, alipanda juu na kuzaa na binti wa Bukuku. Na aliyetokea kukirudisha kiti cha enzi kwa ukoo ni Ndahura, mjukuu ambaye Isaza hakumwona.

Anayedhani kwamba hizo ni ngano tu na arudi darajani Rusumo. Mwishoni mwa Aprili 1994, katika muda wa kama siku moja, watu waliokadiriwa kuwa 250,000 walilivuka wakiikimbia Rwanda, wakatawanyika juu ya vilima vya Ngara, mahali paitwapo Benaco kwa jina la kampuni ya ujenzi ya Kitaliano iliyokuwa na kambi yake hapo. Miongoni mwao walikuwamo wanyonge na walikuwamo wauaji, na sitaki kuyasahau haya kwa ajili ya uzuri wa hoja. Miezi michache baadaye, vita vilipokwisha, watu wengine walikuwa wakielekea huko huko walikotoka hao: Wanyarwanda waliokimbia tangu mwaka 1959 na miaka iliyofuata, wakakaa Uganda, Burundi, Kongo na Tanzania, wengine hapo hapo Ngara katika makazi ya Muyenzi. Walirudi baada ya miaka kama 35, pamoja na watoto waliozaliwa ugenini ambao waliijua nchi kwa kusimuliwa. Kilichosimuliwa kilikuwa nchi ya 1959, yenye vilima vile na watu wale na mfalme yule. Nao wakaipeleka sokoni kama yule kijana alivyoipeleka sarafu yake, wakaonekana na wenyeji kuwa ni watu wa ajabu, wenye matamshi ya ugenini na habari zilizopitwa. Kisha, mwezi wa Desemba 1996, Tanzania ilipoamuru wakimbizi wa Rwanda waondoke, wale wa 1994 nao walilivuka daraja kurudi, na wengi wakakuta nyumba zao zina watu ndani. Hao walikuwa wamekaa nje miaka miwili na miezi minane kwa kalenda. Kwa nyumba zao walikuwa wamekaa nje maisha mazima.

Marehemu John Mbiti, kasisi na mwanafalsafa wa Kenya aliyefariki mwaka 2019, aliandika katika kitabu chake cha 1969 kwamba Mwafrika wa kale huishi katika Sasa na Zamani, na kwamba wakati ujao, ukizidi miezi michache au mwaka mmoja au miwili, hauna nafasi katika fikira zake. Wengi wamempinga kwa hoja za sarufi na za mila. Mimi nampinga kwa watu wa Muyenzi, ambao waliungoja wakati ujao kwa miaka zaidi ya 30, wakawalea watoto juu yake; kosa lao, kama ni kosa, lilikuwa kudhani kwamba huko mbele watakutana na zamani.

Na hapa ndipo swali la dini linapoacha kuwa la kustarehesha akili. Aliyepindiwa wakati akirudi, ana haki gani? Masimulizi ya pango yamelikwepa, kwa kuwa mapokezi ya Waislamu na ya Wakristo yanasema kwamba vijana wale walikufa punde baada ya kutambuliwa. Nadhani msimulizi yeyote angelazimika kuwafisha, maana lau wangaliishi, wangalidai nyumba, na mashamba, na wachumba waliokwisha kuwa mavumbi. Sheria haikuweza kukwepa. Wanavyuoni wa fikihi wanayo milango mirefu juu ya mafakudi, mtu aliyetoweka asijulikane kama yu hai au amekufa, na mikono ya mashauri hayo humshika zaidi mke aliyebaki kuliko mume aliyekwenda. Kauli ya mwisho ya Imamu Shafii, ambaye madhehebu yake ndiyo yafuatwayo pwani yetu, humtaka mke angoje mpaka ipatikane yakini ya kifo. Imamu Malik, akifuata hukumu ya Khalifa Umar, humpa miaka minne, kisha eda ya miezi minne na siku kumi, kisha uhuru wake. Kauli ya kwanza huulinda wakati wa aliyetoweka. Ya pili huutambua wakati wa angojaye. Mimi nasimama na hii ya pili. Na katika hukumu iliyopokewa kwa Umar, mume akirudi akamkuta mkewe ameolewa, huhiyarishwa baina ya mambo mawili: arudishiwe mke, au arudishiwe mahari aliyoyatoa. Katika hiyari hiyo haimo miaka aliyokuwa hayupo, wala kadhi hakuulizwa habari zake.